Kuongeza gemu kwenye SNES Classic Mini kwa hakchi2 CE

SNES Classic Mini ilitoka Septemba 2017 ikiwa na gemu 21, na Nintendo hawakuacha upenyo wa kuongeza ya 22. Haina tundu la kaseti, haina duka la mtandaoni, haina Wi-Fi. Ila ukiitazama kwa jicho la fundi, hiyo ni kompyuta ndogo ya Linux: chipu ya Allwinner R16 yenye viini vinne vya Cortex-A7, RAM ya MB 256, na hifadhi ya ndani ya MB 512. Ni ukoo wa chipu zilizojaa kwenye tableti za bei chee, na mafundi waliokwisha kuflashi tableti hizo watakuta mambo mengi hapa wanayafahamu. NES Classic Mini ya 2016 ina mtambo uleule ndani, kwa hiyo maelezo haya yanaifaa pia, isipokuwa pale tutakapoitaja.

Programu tunayotumia ni hakchi2 CE. Ni ya bure, inatunzwa na kundi liitwalo Team Shinkansen, na inapakuliwa kwenye ukurasa wao wa GitHub. Usiichukue kwingine. Kuna tovuti kibao zinazoiga jina hilo na kukuwekea takataka kwenye kompyuta.

Tuanze na hofu ya kila mtu: je, mashine inaweza kufa? Kwa kosa la programu, ni vigumu sana. Chipu ya Allwinner ina hali ya dharura iitwayo FEL, na maelekezo yake yamechongwa ndani ya chipu yenyewe tangu kiwandani. Hayakai kwenye hifadhi tunayoiandikia, kwa hiyo hata ukivuruga hifadhi yote, FEL ipo palepale na kompyuta inaweza kuingia tena na kurekebisha. Kinachopotea kwa uzembe ni sevu zako (hatua za gemu ulizohifadhi), si mashine.

Mashine, kebo na kompyuta

Kwanza hakikisha mashine ni yenyewe. Madukani zimejaa za kuiga, zenye boksi lililoandikwa "gemu 620" au zaidi, na nyuma zina matundu ya kebo za AV za rangi. Hizo hazina Linux ndani, na hakchi2 haitaziona hata ukishinda nazo mchana kutwa. Ya kweli ina HDMI na micro-USB nyuma, na mbele, kwa SNES Mini, ina kifuniko ambacho ukikivuta unakuta matundu mawili ya padi. Tahadhari: zipo za kuiga zenye HDMI pia, kwa hiyo HDMI peke yake si ushahidi.

Pili, kebo. Hapa ndipo kazi nyingi zinapokwama, kuliko mahali pengine popote. Kebo ya micro-USB iliyokuja na konsoli inapitisha umeme na data. Ile uliyookota kwenye droo, iliyokuwa ya tochi au ya spika, huenda inapitisha umeme tu. Konsoli itawaka vizuri, utadhani kila kitu ni sawa, na kompyuta haitaona kitu. Pima hivi: chomeka simu ya Android kwa kebo hiyo, kama simu inakupa chaguo la kuhamisha mafaili, kebo inafaa. Kama inachaji tu, itupe kando.

Chomeka moja kwa moja kwenye kompyuta, si kwenye hab. Tundu la USB 3 likileta usumbufu, hamia la USB 2 kama lipo.

Kompyuta iwe ya Windows. Mwenye Mac anaweza kuendesha Windows ndani ya programu kama Parallels, ila ajue jambo moja: konsoli inajitambulisha kama vifaa viwili tofauti, kimoja ikiwa kwenye FEL na kingine ikiwaka kawaida. Asipoelekeza vyote viwili viingie Windows, kazi itakatika katikati na hataelewa kwa nini.

Ukichukua toleo la kubebeka, lisilohitaji kusakinishwa, lifungue kwenye folda ya jina fupi kama C:\hakchi. Epuka folda zinazosawazishwa mtandaoni kama OneDrive, kwa sababu hakchi2 huandika na kufuta mafaili mengi madogo kwa kasi, na programu za kusawazisha hupenda kuyang'ang'ania.

Gemu zenyewe

Gemu za zamani bado zina wenyewe kisheria, hata kama kaseti zake hazijatengenezwa kwa miaka thelathini. Njia safi ni mbili. Ya kwanza ni kunakili kaseti unazomiliki kwa kifaa cha kusomea kaseti, kama Retrode au Sanni Cart Reader, ambacho michoro yake iko wazi kwa anayeweza kuchomelea mwenyewe. Ya pili ni gemu mpya zinazotengenezwa leo kwa mashine za zamani. Nova the Squirrel ya NES ni ya bure kabisa, Tobu Tobu Girl ya Game Boy vilevile. Micro Mages ya NES inauzwa, na ukinunua unapewa faili la romu, yaani nakala ya yaliyomo kwenye kaseti. Kwa majaribio ya kwanza tumia hizi: faili ni safi, kwa hiyo likigoma unajua tatizo liko kwingine.

Mafaili ya SNES huishia na .sfc au .smc, ya NES na .nes. Kama kaseti zako ni za Ulaya, kuna kikwazo kidogo. Zilitengenezwa kwa runinga za Hz 50, na konsoli hii, hata ile iliyouzwa Ulaya, inatoa picha ya Hz 60. Nintendo wenyewe waliweka matoleo ya Hz 60 kwenye mashine zote. Romu ya Marekani au Japani haitakusumbua kama ya Ulaya.

Usizip gemu kumi kwenye faili moja. Kila gemu na faili lake.

Kusakinisha

Kabla ya hatua hizi, washa konsoli kwenye runinga angalau mara moja, chagua lugha, fungua gemu moja. Ukikuta tatizo la padi au HDMI, bora ulijue sasa kuliko kusingizia hakchi2 baadaye.

1. Zima konsoli. Fungua hakchi2 CE na uchague aina ya konsoli yako inapouliza. Windows ikiomba ruhusa ya kusakinisha draiva, ikubalie.

2. Nenda menyu ya Kernel, chagua Install/Repair. Litatokea dirisha linalosubiri konsoli.

3. Chomeka kebo kwenye kompyuta. Bonyeza RESET na uishikilie. Ukiwa bado umeishikilia, sukuma swichi ya POWER iwashe. Usiachie RESET mpaka dirisha la kusubiri liondoke lenyewe.

4. Tazama taa ya konsoli. Kwenye FEL taa haiwaki. Mtu akiona giza anadhani mashine imegoma, anazima, anaanza upya, na anarudia hivyo mara tano. Giza ndilo tunalolitaka. Taa ikiwaka ujue umechelewa kubonyeza RESET au umeiachia mapema, na konsoli imewaka kikawaida. Zima, hesabu sekunde tano, rudia.

5. Acha ifanye kazi. Utasikia Windows ikilia mlio wa kifaa kutoka na kuingia. Ni konsoli inabadilisha sura yake ya FEL kuwa ya kawaida. Usiguse kebo. Mara ya kwanza Windows inaweza kuchukua dakika kadhaa kutambua sura ya pili, kwa sababu konsoli inajitokeza kama kadi ya mtandao.

6. Ujumbe wa kumaliza ukitokea, zima swichi. Kisha washa kawaida, bila RESET, kebo ikiwa bado kwenye kompyuta. Alama ya chini kwenye dirisha la hakchi2 itageuka kijani. Hapo kompyuta na konsoli zimeonana.

Kama una sevu unazozithamini, mle mle kwenye Kernel > Advanced kuna njia ya kunakili NAND-C, sehemu ya hifadhi yenye sevu. Nakili kabla hujaongeza gemu hata moja, na faili hilo ulihifadhi nje ya kompyuta hiyo.

Kama dirisha la kusubiri haliondoki kabisa: badilisha kebo, kisha badilisha tundu, kisha fungua Device Manager ya Windows. Konsoli iliyo kwenye FEL inaonekana na kitambulisho 1F3A:EFE8. Ukikiona kikiwa na alama ya njano, tatizo ni draiva, na utaisakinisha tena. Usipokiona kabisa, rudi kwenye kebo. Tunasisitiza kebo kwa sababu mara nyingi ni kebo.

Kuingiza gemu

Bonyeza kitufe cha kuongeza gemu na uchague mafaili. hakchi2 itajaribu kuzitambua kwa kupima alama ya kila faili na kuilinganisha na orodha yake. Ikizitambua inajaza jina na picha ya boksi. Gemu mpya za kutengenezwa nyumbani mara nyingi haitazitambua, kwa hiyo utaandika jina mwenyewe, idadi ya wachezaji, na kuweka picha ya JPG au PNG. Usihangaike na ukubwa wa picha, programu inaupunguza.

Weka tiki kwenye gemu unazotaka, za zamani na mpya, kisha Synchronize. Elewa vizuri neno hilo: konsoli itabaki na zile zenye tiki tu. Ukiondoa tiki kwenye gemu, ukisawazisha inaondoka kwenye konsoli. Watu wengi hufungua hakchi2 kwenye kompyuta nyingine yenye orodha tupu, wanaongeza gemu moja, wanasawazisha, kisha wanashangaa nyingine sitini zimekwenda wapi.

Mara ya kwanza weka tano tu. Zikicheza, ongeza zilizobaki. Ukianza na mia moja na menyu ikagoma, huna njia ya kujua ni ipi iliyoharibu.

Hesabu ya nafasi: katika zile MB 512, mfumo na gemu za awali zimekwisha chukua sehemu yake. Ukijipimia MB 200 za gemu zako hutajuta, na mstari wa chini kwenye hakchi2 unaonyesha kilichobaki. Kwa SNES hiyo ni nafasi kubwa. Super Mario World ni KB 512 tu. Chrono Trigger ni MB 4. Kaseti kubwa kabisa za SNES, kama Star Ocean, ni MB 6. Gemu ya Game Boy Advance inaweza kufika MB 32, kwa hiyo sita za namna hiyo zinamaliza hifadhi yote, na diski ya PlayStation inaweza kupita MB 600, yaani haiingii hata moja.

Ushauri wetu, ingawa hakuna anayeufuata wiki ya kwanza: weka gemu 40 mpaka 60 unazozicheza kweli. Anayeweka mia tatu hutumia jioni nzima akipita kwenye picha za maboksi.

Folda

Menyu ya konsoli iliandikwa kwa gemu 21, na kila picha ya boksi inayoonekana inakula kumbukumbu. Ukimwaga gemu nyingi kwenye ukurasa mmoja, menyu inakuwa nzito, na zikizidi sana inaanguka na kukuonyesha skrini nyeusi yenye msimbo unaoanza na herufi C. Mashine ni nzima. Rudi kwenye hakchi2, gawanya gemu kwenye folda, sawazisha tena.

Kiwango cha gemu 30 kwa folda kiache kama kilivyo, au kipunguze. Kuna mpangilio wa kugawa kwa alfabeti wenyewe, na kuna wa kujipangia. Wa kujipangia ni bora: folda ya wachezaji wawili, ya mbio, ya kupigana, ya watoto. Gemu 21 za awali ziache ukurasa wa mbele, ili mgeni akishika padi asipotee.

Gemu ikigoma kufunguka

Dalili ya kawaida: unachagua gemu, skrini inakuwa nyeusi, halafu unarudishwa kwenye menyu. Sababu zake si nyingi.

Konsoli inakuja na emuleta yake (programu inayoiga mashine ya zamani) iitwayo Canoe (kwenye NES Mini ni kachikachi). Canoe ni nyepesi na ndiyo inayokupa uwezo wa kurudisha gemu nyuma, lakini Nintendo waliipima kwa gemu zao chache tu. hakchi2 hugeuza romu yako kuwa faili la .sfrom ambalo Canoe inalisoma, na ndani yake kuna namba inayoieleza Canoe gemu hii ina chipu gani ya ziada. Kaseti kadhaa za SNES zilikuwa na chipu yake ndani: Super FX kwenye Star Fox, SA-1 kwenye Super Mario RPG. Namba ikikosewa, gemu haifunguki au inatoa picha iliyochanika. Ikiwa umebadilisha romu kwa kuipachika tafsiri, hakchi2 inaweza isiitambue tena na kuweka namba ya kawaida badala ya ile inayotakiwa.

Dawa ya haraka ni kuihamishia gemu hiyo RetroArch, programu inayobeba emuleta nyingi, kila moja ikiitwa kiini. Fungua Mod Hub ndani ya hakchi2, sakinisha RetroArch kwanza, halafu kiini cha Snes9x. Kisha bonyeza gemu kwa kitufe cha kulia cha mausi na uchague emuleta ya kuiendeshea. Kwa Mega Drive weka Genesis Plus GX, kwa NES weka FCEUmm, kwa Game Boy weka Gambatte, kwa Game Boy Advance weka gpSP au mGBA. Weka viini unavyovihitaji tu, maana navyo vinakula nafasi. Nintendo 64 tunakushauri uisahau: chipu hii haina pumzi ya kuiendesha kwa raha, na padi haina hata kijiti.

Sevu iliyowekwa katikati ya gemu chini ya Canoe haifunguki chini ya RetroArch. Amua emuleta kabla hujafika mbali.

Ndani ya RetroArch, Select na Start kwa pamoja hufungua menyu yake. Kurudi kwenye menyu ya konsoli bila kunyanyuka kwenda kubonyeza RESET, shika Select na Chini. Mchanganyiko huo unaweza kuubadilisha kwenye hakchi2, na kwa gemu zinazotumia Select sana utalazimika kuubadilisha.

Sababu nyingine inahusu mafaili ya .smc yaliyonakiliwa kwa vifaa vya miaka ya 1990. Vifaa hivyo viliongeza baiti 512 mwanzoni mwa faili. Bonyeza Properties utazame ukubwa: romu safi ya MB 2 ni baiti 2,097,152, ukikuta 2,097,664, ndizo zile 512. hakchi2 inaziondoa yenyewe inapogeuza, kwa hiyo kwa gemu ya kawaida hazina madhara. Shida inakuja kwenye kiraka cha tafsiri cha .ips, faili dogo la kubadilisha romu. Kiraka hakijui yaliyomo, kinajua tu "nenda baiti ya kadha wa kadha, andika hiki". Kama kilitengenezwa kwa romu safi na yako ina zile 512, kila neno linaangukia mahali pasipo pake, na gemu inafunguka kwa herufi za ajabu au haifunguki kabisa. Soma maelezo ya kiraka uone kinataka romu ya aina gani.

Hifadhi isipotosha: flashi

Tundu la micro-USB linaweza kusoma flashi. Unahitaji adapta ya OTG, ile ya kuchomekea flashi kwenye micro-USB, yenye mikono miwili: mmoja wa flashi, mwingine wa kuingizia umeme. OTG ya kawaida ya simu haifai, kwa sababu konsoli haina betri. Tundu hilohilo ndilo linaloilisha.

Flashi ifomatiwe FAT32. Kwenye hakchi2 chagua Export badala ya Synchronize, na uielekeze kwenye flashi. Itatengeneza folda iitwayo hakchi na kupanga kila kitu humo. Usiyapange mafaili kwa mkono. Hapo sasa hata gemu za PlayStation zinawezekana, kwa kiini cha PCSX ReARMed.

Umeme ndio unaosumbua. Konsoli peke yake inataka volti 5 na ampea 1, na flashi inaongeza mzigo juu yake. Tundu la USB la runinga mara nyingi linatoa nusu ampea tu. Ukiona konsoli inawaka na kuzima, au gemu zinatoweka katikati ya mchezo, weka chaja ya simu ya ampea 2 kabla hujailaumu flashi. Na usichomoe flashi mashine ikiwa imewaka. Rudi kwanza kwenye menyu kuu, sukuma POWER kuzima, subiri taa izime, ndipo uchomoe. Hata bila flashi, kuzima katikati ya gemu ndiyo njia ya haraka ya kupoteza sevu.

Kurudisha ilivyokuwa

Kernel > Uninstall inaondoa hakchi na kuacha konsoli na gemu zake 21. Utahitaji RESET na FEL kama mara ya kwanza, taa ikiwa imezima. Factory Reset inakwenda mbali zaidi na kufuta sevu pia. Ukitaka kuiuza, tumia hiyo, kisha iwashe kwenye runinga: ikikuuliza lugha kama siku ya kwanza, imeshakuwa tayari kwa mnunuzi.